Mbrazili Niliyempeleka Ukweni

Kuna watu pale Masara ambao mpaka leo wakiniona wananyoosha mikono kando ya mwili, wanasimama wima kama nguzo ya stima, halafu wanacheka mpaka wanashika mbavu, na mgeni akiuliza kuna nini wanamwambia aniulize mimi. Basi wacha niseme mwenyewe, kwa sababu wao wakisimulia wanaongeza chumvi, na hii aibu haihitaji chumvi, ilikuja ikiwa tayari imekolea.

Ilikuwa mwaka ule Brazil walichukua Kombe la Dunia kule Amerika. Mimi nilikuwa fundi wa baiskeli Migori mjini, na jioni nilikuwa kipa wa timu yetu ya Masara, timu ya wachimba dhahabu, ambayo mfadhili wake alikuwa mnunuzi mmoja wa dhahabu mwenye kupenda mambo makubwa. Huyo bwana alienda Mwanza kwa shughuli zake, akarudi na Mbrazili. Mbrazili wa kweli, mwenye pasipoti. Jina lake Valdir, miaka thelathini na saba, nywele zimeanza kurudi nyuma, na goti la kushoto ambalo akiinama ulilisikia. Alikuwa amechezea klabu kumi na moja (nilihesabu jezi kwenye begi lake, ile ya Ureno ndiyo aliyokuwa anajifutia maji akitoka kuoga), na sisi tulikuwa wa kumi na mbili.

Kitu kilichotushangaza zaidi ni Kiswahili chake. Alikuwa amekaa Mwanza misimu miwili, kwa hivyo alikuwa anaongea Kiswahili kizuri kuliko sisi wote, anampa kila mtu shikamoo, hata mama anayeuza omena sokoni Migori, na yule mama (hajawahi kupewa shikamoo tangu azaliwe) akawa anamjibu, "Hapana, leo haiko." Mfadhili aliniambia nikae naye nyumba moja nimuoneshe mji, na hivyo ndivyo tulivyokuwa marafiki.

Sasa mwaka huohuo nilikuwa nimependana na msichana anaitwa Auma, mwalimu wa nasari, kwao ni karibu na Mbita, kando ya ziwa. Nilimpenda mpaka nilikuwa nakaza spoki za baiskeli za watu huku nikiongea peke yangu. Shida ilikuwa baba yake, Mwalimu Ochola, mwalimu mkuu mstaafu, ambaye alikuwa amewarudisha wanaume wawili waliokwenda kujitambulisha, mmoja hata hakumaliza chai. Auma aliniambia wazi, "Baba akikataa, amekataa. Siwezi kumpita." Halafu akaongeza, kama kunisaidia, kwamba kitu pekee kinachomfurahisha mzee ni mpira, kwamba anafuata Kombe la Dunia kwa redio na kuandika majina yote kwenye daftari.

Hapo ndipo nilipoamua kile kitu kidogo. Niliamua nitaenda na Valdir.

Mjomba wangu Ondiek, ambaye ndiye alikuwa jagam, yaani mshenga wetu, hakupenda. "Unaenda kutafuta bibi ama unaenda kuonyesha watu mzungu?" Nikamwambia si mzungu, ni Mbrazili. Akanitazama, akaacha, akaanza kunipa masharti ya ukweni: usimalize chakula, usimkazie macho maro (ndivyo tunavyomwita mama mkwe), usionyeshe mapaja, keti pale utakapooneshwa. "Na kuanguka, Otieno, usianguke. Mtu akianguka kwa wakwe siku ya kwanza, hiyo safari imekufa. Tunarudi nyumbani hata kama sufuria iko kwa moto." Nikacheka. Mimi mtu mzima, nitaangukia nini kwa wakwe?

Tulifika salama, mimi na suti ya kuazima, mjomba na kofia yake, na Valdir na shati jeupe. Mara tu tulipoingia bomani Valdir akapotelea jikoni kuwasalimia akina mama mmoja mmoja, na shikamoo zake zikawa zinasikika mpaka sebuleni. Mwalimu Ochola aliketi mbele yangu, mrefu, mkimya, miwani kwenye ncha ya pua. Aliuliza habari za Migori. Aliuliza habari za mvua. Halafu akashusha sauti.

"Huyo ni Mbrazili kabisa?"

"Kabisa, Mwalimu."

"Alikuwa huko Amerika na wale wengine?"

Jameni, ningesema hapana. Neno ni fupi. Lakini nilimwona yule mzee ameinama mbele kidogo, macho yanang'aa, nikaona kama nikisema hapana atarudi nyuma kwenye kiti na mimi nitakuwa mwanaume wa tatu. Mdomo wangu ukajibu bila kuniuliza, "Alikuwa. Lakini hakuingia sana."

Mjomba akakohoa. Mwalimu akainuka, akaenda chumbani, akarudi na daftari, akaanza kupitisha kidole. "Valdir, Valdir... Simwoni."

"Hao hutumia majina ya utani, Mwalimu."

"Hiyo ni kweli." Kidole kikashuka, kikasimama. "Kuna huyu wa akiba, hata redioni walimtaja mara moja tu."

"Ndiye huyo."

"Huyu ni kipa."

"Alianza akiwa kipa, Mwalimu. Walimbadilisha."

Nilidhani yamekwisha. Kumbe Mwalimu alikuwa ameshatoka nje kumwambia jirani, na jirani akamwambia mwingine, na kabla hata soda haijafunguliwa, vijana wa ufukweni walikuwa wamejaa getini na mpira. Uwanja wa shule ya msingi uko nyuma tu ya boma lile. "Nusu saa tu," Mwalimu akasema, "chakula kikiendelea kuiva. Mgeni atacheza na vijana wetu wa huku. Na wewe, Auma aliniambia wewe ni kipa?"

"Kipa namba moja," nikasema. (Hakuna aliyekuwa ameuliza namba.)

Wakanipa goli la timu ya pili. Kaptura nilikataa, nikavua koti tu, nikabaki na suruali ya suti na viatu vya ngozi. Nikasimama golini nikijiambia si neno, ni nusu saa. Halafu nikaona akina mama wanabeba viti, wanatafuta kivuli, na kivuli pekee kilikuwa cha ukuta wa darasa la nne, hatua tano kutoka kwenye mlingoti wangu. Maro akaketi hapo, amegeuza uso upande kidogo kwa heshima, lakini masikio yote yako kwangu. Mjomba akanyoosha kidole kimoja kutoka mbali na kutikisa kichwa. Nikaelewa. Kipa ambaye haruhusiwi kuanguka.

Hebu fikiria hiyo kazi. Mpira wa kwanza ulipita kulia kwangu nikautazama. Wa pili ulipita kushoto, nikaupungia mkono. Mimi nimesimama wima, mikono kando, nikihama kwa hatua ndogondogo kama mtu anayepanga foleni ya sukari, na watu wa Mbita si watu wa kunyamaza. "Huyu kipa amepandwa hapo?" mmoja akauliza. Auma alikuwa amesimama nyuma ya mama yake, mkono mdomoni, na sikujua kama anacheka au analia.

Lakini tatizo kubwa halikuwa mimi. Lilikuwa Valdir. Valdir hakujua chochote kuhusu daftari, yeye alidhani ni mpira wa kufurahisha wakwe, na goti lake siku hiyo lilikuwa limeamka vibaya. Kila akipewa mpira, fundi cherehani mmoja mfupi wa pale Mbita anakuja anauchukua taratibu kama mtu anayechukua kitu chake. Mara ya kwanza watu walicheka. Mara ya tatu hawakucheka, walianza kunong'ona, na nilimwona Mwalimu amekunja mikono, anamtazama Valdir, halafu ananitazama mimi, halafu Valdir tena. Nikajua kwamba huyu Mbrazili asipofunga bao hata moja, Auma amekwenda.

Basi dakika za mwisho mpira ukamfikia Valdir karibu na mimi, hakuna beki, hakuna fundi cherehani, wamebaki wawili tu, yeye na nguzo, yaani mimi. Nikasogea pembeni kumpa nafasi, goli lote limebaki wazi, ng'ombe angefunga. Akapiga. Goti likamsaliti, mpira ukaenda nje, polepole, ukielekea upande wa viti vya akina mama.

Sijui nini kilinishika. Ninachokumbuka ni kwamba nilijirusha. Mara ya kwanza siku hiyo niliruka kama kipa, mwili wote hewani, nikaudaka ule mpira ukiwa tayari unatoka, nikauzungusha, nikautupa ndani ya goli letu kwa mikono yangu miwili, halafu nikashuka kifua chini, nikateleza kwenye nyasi, nikaacha kuteleza pale kichwa changu kilipofika kwenye kandambili za mama mkwe.

Valdir akaja akichechemea, akaniinamia, akasema kwa upole na kwa sauti ambayo kila mtu alisikia, "Pole sana, Otieno. Lakini mpira ulikuwa unatoka."

Mwalimu Ochola akavuka uwanja bila haraka. Hakuniuliza mimi. Alimuuliza Valdir, "Bwana, wewe ulikuwa na timu ya Brazil huko Amerika?"

"Hapana, Mzee," Valdir akajibu, tena akishangaa. "Kombe lile nililiangalia Mwanza, nyumbani kwa muuza sangara, nimesimama mlangoni kwa sababu watu walikuwa wengi." Na kwa sababu Mwalimu aliendelea kumtazama, akaeleza yote, hapohapo, mbele ya akina mama na wavuvi. Kwamba alianza kwenye timu ya kiwanda cha matofali kwao. Kwamba mara moja alicheza dhidi ya klabu kubwa, dakika tisa, akagusa mpira mara mbili. Kwamba Bolivia alitapika uwanjani kwa sababu ya milima, Ureno alikaa benchi msimu mzima na blanketi, Msumbiji aliendesha basi la timu na kuichezea pia, yaani alishuka kwenye usukani akaingia uwanjani. "Nimeshuka daraja na timu nne, Mzee. Ya tano tulishuka, lakini mimi nilikuwa nimeumia, kwa hiyo siihesabu."

Watu walicheka, lakini walicheka naye. Mimi nilikuwa bado chini.

Mwalimu akanigeukia, na hakuwa na hasira, afadhali angekuwa nayo. "Kijana, siku moja nitakuuliza msichana yangu ako aje huko Migori. Na wewe utaniambia ako sawa. Sasa mimi nitaamini aje?"

Nililia, nasema wazi, si mengi, lakini nililia. Mjomba akanishika mkono akasema, "Umeanguka. Twende." Tukaondoka na harufu ya kuku ikitufuata mpaka barabarani. Valdir yeye hakuja kuoa wala hakuwa ameanguka, kwa hivyo Mwalimu alikataa kumwachilia, wakaongea mpira mpaka kesho yake, akarudi Migori ameshiba, tena amefungiwa sangara wa kubeba.

Miezi miwili sikupata barua hata moja kutoka kwa Auma. Valdir alikuwa anakuja kukaa na mimi kwenye kibanda changu cha baiskeli, goti amelifunga kitambaa, na siku moja akaniambia, "Mimi kila klabu mpya wananiuliza nimecheza wapi. Nawaambia yote. Wengine wananirudisha siku hiyohiyo. Wale wanaonichukua, hakuna kitu tena cha kunifukuzia." Mwisho wa msimu akaenda Uganda, klabu ya kumi na tatu, na alipotoka aliniachia ile jezi ya Ureno na harufu yake yote.

Nilirudi Mbita na mjomba tu. Suti hakuna, nilivaa shati langu la kazi, limefuliwa. Mwalimu akaketi palepale, miwani palepale, akamimina chai yake mwenyewe.

"Haya. Wewe umecheza wapi?"

Nikavuta pumzi. Nikamwambia shule ya msingi nilikuwa beki, wakanitoa. Sekondari nilibeba maji. Masara mimi ni kipa wa tatu, na makipa tuko watatu. Nimeingia mara moja tu, siku ambayo kipa wa kwanza alikuwa na malaria, na wa pili ni Msabato na mechi ilikuwa Jumamosi.

"Mlifungwa ngapi?"

"Sita, Mwalimu."

Akakoroga chai, akakoroga tena. "Zote ziliingia zenyewe? Ama kuna yenye uliingiza?"

"Ziliingia zenyewe, Mwalimu. Niliingiza ya hapa kwenu peke yake."

Mzee hakucheka. Ila nyuma ya ukuta, jikoni, mtu alicheka, kicheko cha mama mtu mzima aliyejaribu kujizuia akashindwa, na nikasikia sauti ya maro kwa mara ya kwanza maishani mwangu: "Auma, pelekea huyo mtu chakula. Na umwambie akule akiwa amekaa."

Nilikula. Tuko na watoto wanne sasa, na mkwe akiniuliza binti yake yuko aje namwambia ukweli, hata siku ambazo hayuko sawa, hata siku ambazo kosa ni langu, na sijawahi tena kumwongezea mtu yeyote hata dakika moja ya mpira.