Futa Mpaka Nyuma

Mume wangu Mwenda ana dawa moja kwa magonjwa yote. Mashine ikikwama, iwe ya gemu, ya kufulia nguo au ya kupimia presha, dawa ni ileile: zima, chomoa, ngoja, futa, washa. Huyatamka maneno hayo kwa pumzi moja, kama mtu anayemalizia rozari huku chungu kinaungua jikoni. Watu wa kanisani walimbandika jina la Fundi Washa, naye akalipenda kuliko lile alilopewa na baba yake.

Dawa hiyo aliitoa Maua, huko Meru, alikokuwa akiangalia kibanda cha gemu cha mjomba wake kabla sijamjua. Vumbi la Maua halina adabu. Lilikuwa likiingia kwenye mashine mpaka zinakohoa, mchezo unaganda mpira ukiwa hewani, na vijana waliokwisha kulipa wanaanza kutafuta mawe. Mwenda akajifunza upesi. Kwanza bonyeza kitufe cha katikati ya pedi, uufunge mchezo wenyewe. Ukikataa, shikilia kitufe cha kuzimia mpaka taa ife kabisa. Chomoa waya, ngoja mashine ipoe, ifute vumbi kwa fulana safi mpaka kule nyuma inakopumulia, kisha washa. Mara nyingi inakubali.

Huku Texas ufundi huohuo ndio uliompa ugali. Anafanya kazi katika ofisi moja Richardson, kupokea simu za watu waliokwama na kompyuta. Kutoka kwetu Mansfield hadi huko ni safari ya kuchosha, na akifika anasikia tatizo lilelile siku nzima kutoka vinywa tofauti. Kazi hiyo imemharibu masikio. Hasikilizi tena, anakisia. Ukianza tu kusema, yeye ameshafika kwenye jibu, anakungojea huko. Mimi ni nesi, na ningewasikiliza wagonjwa hivyo ningekuwa jela. Nimemwambia mpaka nimechoka: mwache mtu amalize. Hunijibu kwamba anajua ninachotaka kusema.

Mama Dady tulimpata kanisani. Jina lake ni Fortunée, Mkongo wa Uvira, aliyeletwa Fort Worth kutoka kambi ya wakimbizi akiwa mjane mwenye mtoto mmoja tu, Dady. Alipata kazi katika ghala la vifurushi, kazi ya kusimama mpaka miguu inavimba, na hapo alijifunza Kiingereza cha ghala: beba, weka, harakisha, samahani. Kiingereza cha kuzungumza na mtoto hakikufundishwa pale.

Na Dady alikuwa kama watoto wote wa huku. Mama anaita kwa Kiswahili, mtoto anajibu kwa Kiingereza. "Maman, I'm fine. Maman, I already ate." Alikuwa na selimundu, ile damu inayojikunja na kuziba mishipa, na hata maumivu yalipomkaba aliyaeleza kwa Kiingereza. Mama yake alikuwa akimgeukia nesi amtafsirie mtoto aliyemzaa mwenyewe. Niliwahi kuwa nesi huyo. Mtoto analia, mama ananitazama mimi mdomoni. Nilijikaza nikatafsiri, nikaenda chooni kulia.

Dady alifariki wakati wa baridi kali mwaka juzi, akiwa na miaka kumi na saba.

Baada ya maziko, binamu yake Placide, anayeishi Houston, alitueleza jambo ambalo mama hakulijua. Yeye na Dady walikuwa wakicheza gemu pamoja kwa mtandao, kila mmoja nyumbani kwake, wakiongea kwa vipaza sauti vya masikioni. Na walikuwa wakiongea Kiswahili, ili timu ya upande wa pili isielewe mipango yao. Dady alikuwa akizirekodi mechi hizo. Sauti yake imo ndani ya mashine, chumbani.

Mwenda akaenda kuifungua, nami nikamfuata. Alipopata rekodi ya kwanza, kioo kikawaka, na sauti ya yule mtoto ikajaa chumba kizima: "Placide, pita kushoto! Mupige huyo! Aka, unalala?" Kiswahili cha Uvira, kizito, kimenyooka, kama cha mama yake. Mama Dady alishika kingo za televisheni kwa mikono miwili.

"Kumbe alikuwa anakijua," alisema. "Kumbe alikuwa nacho."

Tangu siku hiyo akawa na utaratibu. Siku asiyokwenda ghalani huoga, hufunga kitenge kizuri, hukaa kwenye kiti cha Dady na kusikiliza rekodi moja. Moja tu, akianzia zile za mwisho na kurudi nyuma. Zilikuwa nyingi lakini zina mwisho, naye alizila kidogo kidogo, kama alivyokuwa akila unga wa mgao kambini ili mwezi usimpite. Nilimuuliza kwa nini asizisikilize zote. Akasema, "Nikimaliza, atakuwa amekufa tena."

Basi ile mashine ikaanza kukwama. Mwenda alikwenda mara ya kwanza, akaizima, akaifuta kwa mkono wake, ikapona. Na kabla ya hapo alikuwa amemfanyia muujiza mwingine: simu yake iligoma kufungua WhatsApp, Mwenda akaifuta ile programu yote mbele ya macho yake, akaiweka upya, na ujumbe wote wa ndugu zake wa Uvira ukarudi. Mama Dady alipiga kigelegele. Likashika kichwani mwake kwamba Fundi Washa akisema futa, vitu hurudi.

Jumapili moja tulikuwa barabarani tukitoka ibadani, Mwenda anaendesha, magari yamebanana. Simu ikalia kwenye spika za gari.

"Ndugu Mwenda, inabloke," alisema Mama Dady. "Nafungua ya Dady, picha inasimama, sauti inakatika."

"Umezima?"

"Nimezima. Nimechomoa hata kwa ukuta."

"Umengoja?"

"Nimengoja, nimepika hata fufu. Nimewasha tena, inabloke palepale."

"Ah, umeruka moja," akasema Mwenda, na nikaona anatabasamu. "Umefuta?"

"Hapana, sijafuta."

"Basi hiyo ndiyo shida. Futa, mama."

"Nifute?"

"Futa. Futa yote mpaka nyuma kabisa, usiache kitu."

"Na itarudi?"

"Itarudi vizuri kuliko mwanzo."

Tukasikia pedi ikibofywa. Lori likatuingilia mbele, Mwenda akalipigia honi, akalitukana kwa Kimeru kana kwamba hakutoka kwenye meza ya Bwana muda mfupi uliopita. Kisha Mama Dady akasema, "Banauliza kama niko sure."

Mwenda akacheka. Alidhani nyumba imejaa wageni, na kwamba wageni hao wanamtilia shaka. Hata mimi nilidhani hivyo. "Waambie uko sure! Waambie ni Mwenda amesema."

"Sawa." Pedi ikabofywa tena. "Imekwisha. Yote imetoka."

"Safi sana. Umeona vumbi lilivyokuwa limejaa huko nyuma?"

"Vumbi?"

"Hilo ulilofuta."

"Ndugu Mwenda," alisema polepole, "vumbi gani?"

Sisi Wakenya meza tunaifuta na ubao tunaufuta. Kwa Mama Dady meza inapanguswa. Kinachofutwa ni kilichoandikwa, kama chaki ubaoni, na simu yake, ambayo imewekwa Kiswahili, ina kitufe kimeandikwa Futa palepale ambapo yangu imeandikwa Delete. Ndivyo alivyolijua neno hilo la Kiingereza alipolikuta kwenye kioo. Na aliposema "banauliza", hapakuwa na wageni. Kule kwao, kitu kikikuuliza, hata kikiwa mashine, ni "hao" wanaokuuliza. Mashine ilikuwa inamuuliza kama ana hakika anataka kumfuta Dady, naye kwa adabu akamuuliza fundi wake, na fundi wake akacheka.

Mwenda alitoka kwenye barabara kuu kwa njia ya kwanza aliyoiona, akageuza gari kuelekea Fort Worth. Tulimkuta ameketi kwenye kiti cha Dady na kitenge chake kizuri, kioo kinamwambia kwa Kiingereza kwamba hakuna kitu cha kuonyesha. Fufu lilikuwa mezani limefunikwa. Mwenda alipiga magoti mbele ya ile mashine akatafuta kila mahali. Rekodi hazikuwa zimehifadhiwa kokote kwingine. Nyuma, kwenye matundu ya hewa, vumbi lilikuwa palepale, limelala kama blanketi.

Mama Dady hakupiga kelele. Alisema tu, "Ulisema itarudi."

Kesho yake Mwenda aliipeleka mashine kwenye duka la mafundi karibu na ofisi yao, halafu kwenye lingine, na kote aliambiwa kwamba kilichofutwa humo kimefutwa. Kila alipompigia Mama Dady kumpa habari, yule mama alimsikiliza mpaka mwisho, kisha akarudia maneno yaleyale bila hasira: ulisema itarudi. Bora angemtukana. Mimi nilimtukana kwa niaba yake, usiku na mchana, mpaka siku niliyomkuta garini kwetu, injini imezimwa, anayarudia yale mazungumzo peke yake na kuyajibu upya. "Nani wanauliza, mama?" alikuwa anasema. "Niambie, nani wanauliza?" Niliingia ndani nikamwacha. Nilikuwa bado na hasira naye, na nilimhurumia, na sikujua nianze na lipi.

Likabaki tumaini moja, Placide. Huenda naye alirekodi. Tulimpigia, akasema ziko chache, hana hakika zina nini, twende tuzione. Tukaenda watu watatu. Njia nzima mpaka Houston Mama Dady alikaa kiti cha nyuma na mkoba wake mapajani, amefunga kile kitenge. Mwenda hakuwasha redio. Mama Dady alipotaka kusema kitu, Mwenda alipunguza mwendo, akangoja.

Placide anakodi chumba upande wa magharibi, njia ya kwenda Katy, na wenzake wa kiwandani. Ni kijana mzima mwenye ndevu, na alipomwona shangazi yake alishindwa kumtazama usoni. Akatukalisha kitandani, akawasha mashine yake.

"Tantine, nikuambie kwanza," alisema. "Huku inashikaka sauti yangu tu. Ya mwenzako haiingie, mpaka akubali. Dady hakukubalia."

"Fungua," alisema Mama Dady.

Akafungua. Ilikuwa kweli. Wanajeshi wa kuchora wanakimbia kwenye magofu, risasi zinalia, na Placide anaongea na mtu asiyekuwepo. Anasema pita, kisha kimya. Anacheka mzaha ambao hatukuusikia. Mama Dady alikuwa ameegemeza sikio upande wa televisheni, kana kwamba tatizo ni udogo wa sauti.

Zikapita rekodi mbili tatu za namna hiyo. Katika ile ya mwisho, mchezo ulikuwa umetulia, na sauti ya Placide ikasema, "Dady, maman yako anakuita. Mujibie basi."

Kimya.

"Eh, lakini juu ya nini unamujibiaka mu kizungu? Na hapa unasema Kiswahili bien."

Kimya tena, kirefu. Mwanajeshi wa Dady alionekana pembeni, amesimama hachezi, silaha imeelekea chini. Mtu alikuwa anaeleza jambo. Ukitazama muda ulivyokuwa unapita, alieleza kwa maneno mengi. Kisha sauti ya Placide ikarudi, imeshuka, haina mzaha.

"Aah. Kumbe. Basi siku moja umuambie mwenyewe."

Mchezo ukaendelea, rekodi ikaisha.

Mama Dady alimgeukia Placide. "Alisema nini?"

Placide alijishika kichwa. "Tantine, ni zamani. Tulikuwa tunacheza."

"Alisema nini, mwanangu?"

"Sikumbuki." Akaanza kulia, mwanamume mzima na ndevu zake. "Haki ya Mungu, sikumbuki."

Nikajua, na Mwenda akajua, kwamba jibu lilikuwa Fort Worth, kwenye zile rekodi za nyuma ambazo Mama Dady alikuwa hajazifikia. Alikuwa akizitunza. Hakuna aliyelisema jambo hilo, na sijui kama yeye mwenyewe aliliwaza. Naomba asiliwaze kamwe.

"Irudishe," alimwambia Placide.

Placide akairudisha. Alipofika pale mtoto anapoulizwa, mume wangu, ambaye hujua kila mtu anataka kusema nini, aliinamisha kichwa na kufumba macho, akamsikiliza Dady mpaka alipomaliza.