Swaumu Hakutaja Jina

Swaumu binti Rehani alizaliwa Mazingara, mwezi wa kufunga, akapewa jina la mfungo, na tangu hapo hakuna aliyemuuliza anataka nini. Alimaliza darasa la saba, hakuchaguliwa. Baba yake akaona msichana wa kukaa bure nyumbani ataharibika, akampeleka Korogwe kwa shangazi yake aharibikie huko.

Shangazi alikuwa anaishi kambi ya mkonge. Vijana wa kambi ile walikuwa watu wa peke yao. Baba zao waliletwa kutoka mbali kama manamba, wakazeeka wakizungumzia kwao. Watoto wao hawakuwa na kwao pa kuzungumzia. Walikuwa na kambi, vumbi la mkonge na king'ora cha alfajiri. Ukiwaambia warudi kijijini wakalime, wanakuuliza, kijiji kipi?

Mmoja aliitwa Valerian, msaidizi wa fundi kwenye korona, ile mashine ya kukamua mkonge. Huyu alipata gita la umeme kwa baharia mmoja wa Tanga, na santuri kadhaa za vijana wa Kizungu wenye nywele ndefu. Roki, ndivyo walivyouita muziki wao. Jumamosi alasiri, Valerian na wenzake walichomeka gita kwenye umeme wa kambi wakapiga hadi mabati ya ukumbi yakatetemeka. Wazee walitema mate. Swaumu alisimama mlangoni akalia, akarudi Jumamosi iliyofuata akalia tena.

Haya aliniambia mwenyewe baadaye, tulipokuwa majirani, tukichambua mboga. Nikamuuliza alikuwa analia nini, njaa?

"Dada, mimi nimetafuta kila mahali. Nimeswali. Nimeimba kwaya ya vijana wa chama, tukaimba jembe, jembe. Nimemfuata rafiki yangu Grasiana kanisani, nikakaa benchi la nyuma. Kote naambiwa nyamaza, sikiliza. Kwenye ule muziki kuna mtu anapiga kelele kumwita Mungu, na hajui kama ataitikiwa. Ndivyo nilivyo mimi."

"Umejuaje kama anamwita Mungu? Kizungu unakijua?"

"Sikijui. Kwani Kiarabu nakijua?"

Nikamwambia achambue mboga.

Muziki wenyewe haukudumu. Siku moja walikuja vijana wa chama na chupa ya soda ya kupimia suruali. Suruali ambayo chupa haikupita ndani yake ilichanwa hapo hapo, mwenyewe akiwa ameivaa. Gita lilivunjwa, Valerian akahama asijulikane alikokwenda. Swaumu alibakiwa na santuri moja aliyoificha ndani ya kanga. Baba yake alipopata habari akamwita nyumbani, akamwoza kwa Sadala, kijijini kwetu.

Sadala hakuwa mtu mbaya. Nasema hivi kwa sababu watu hupenda kusikia mume alikuwa mbaya. Alikuwa mkulima, mpole, hanywi, hapigi. Operesheni ya vijiji ilipokuja wakatuhamisha sote, tukapangwa kwenye kijiji cha ujamaa upande wa Kang'ata, nyumba zimenyooka mstari, mvua hakuna, mahindi ya msaada ya njano. Swaumu alipoiona ile mistari alisema, "Wametujengea kambi, ila hawakuleta gita." Nilicheka. Yeye hakucheka.

Baada ya kumzaa binti yake, Kudra, alinyamaza. Anachota maji, anapika, ananyonyesha, hasemi. Halafu siku nyingine tuko shamba la kijiji, tumeinama, unasikia ukelele mrefu, jembe limetupwa, Swaumu amesimama anaangalia juu. Mtoto mgongoni naye analia. Wanaume wakaanza kusema ni wazimu. Mwanamke mwenye wazimu huachwa, na mtoto haachiwi.

Sisi wanawake tulikuwa na jina lingine: pepo. Tukaenda kwa Bibi Mwantumu, fundi wa pepo. Mwenyekiti wa kijiji alikuwa amepiga marufuku ngoma za pepo, anasema zinapoteza nguvu kazi, lakini mama yake mzazi ndiye aliyekuwa anampigia Bibi Mwantumu debe, kwa hiyo ngoma zilikwenda.

Mambo ya pepo yana utaratibu wake. Kila pepo ana kabila lake na mlio wake. Unampigia mgonjwa ngoma moja moja hadi atikisike. Akishapanda, anaulizwa jina na anataka nini. Akitaja, mume anatoa. Basi mwanamke yule amekuwa kiti cha pepo mkubwa, hapigwi, haachwi, akitaka kupumzika anapumzika, na wote wanajua ni matakwa ya pepo. Nawajua wanawake watatu walioponea hapo. Lakini bila jina hakuna kitu.

Sadala alikuja mwenyewe kwa Bibi Mwantumu, kofia mkononi.

"Shikamoo, Bibi. Nimekuja niseme wazi. Kama ni pepo, nitamlisha, hata akitaka ng'ombe. Mimi sina ugomvi na pepo. Lakini kama ni yeye mwenyewe anayefanya haya, Bibi, siwezi. Nitamwacha, na mtoto atabaki."

"Mwanangu, ni pepo tu," akasema Bibi.

Ikapigwa ngoma ya Kimasai, Swaumu kama gogo. Ya Kiarabu, kama gogo. Ya pepo wa milimani, kule Dindira, akapiga miayo. Bibi akafuta jasho. "Huyu ana mgeni gani? Hana kitu chochote alichotoka nacho Korogwe?"

Mimi nikasema santuri.

Wazee wa kike wakatazamana. Pepo Mzungu! Wamekuwapo, walisema, lakini si wengi, na wanapenda anasa. Sadala hakubisha. Alipanda baiskeli hadi Kang'ata kwa Mbwana mwenye duka, akaazima sanduku la santuri la betri, akarudi nalo amelifunga kwa blanketi kama mgonjwa. Ijumaa iliyofuata, alasiri, tukatandika meza shuka jeupe, tukaweka mkate, yai, chai ya maziwa, na kiti cha kukunja tulichoazima kwa mwalimu. Mwaka ule wa njaa, mkate! Watoto walichungulia dirishani wakimeza mate.

Bibi akaweka sindano juu ya santuri. Mimi nilidhani sanduku limeharibika. Gita lilikuwa linalia kama mbuzi aliyekanyagwa, na mwanaume akipiga kelele juu yake. Lakini Swaumu alishainuka.

Sijaona mtu akicheza vile. Hakucheza kwa kiuno wala kwa mabega. Alicheza kama anayetaka kutoka kwenye ngozi. Kitambaa kilianguka, jasho likamwagika, akafungua kinywa akaimba pamoja na yule mwanaume, maneno yasiyo ya lugha yoyote. Wanawake wakapiga vigelegele. Tumempata! Sadala alikuwa mlangoni na Kudra begani, na nilimwona anatabasamu.

Santuri ikaisha. Bibi Mwantumu akapiga goti.

"Karibu, bwana mkubwa. Hapa ni kwako. Umetoka wapi?"

Swaumu anahema tu.

"Jina lako nani, bwana, tukutambue?"

Nilikuwa nimemshika kiuno. Nikamnong'oneza, "Sema Joni. Sema Petro. Sema lolote, Swaumu. Mfikirie mtoto."

Akanigeukia. Macho yake yalikuwa safi kabisa, ya mtu aliyeamka.

"Hakuna mtu, Bibi," akasema. "Ni mimi."

"Anajificha," Bibi akasema haraka. "Wazungu ni wajanja. Bwana mkubwa, chai inapoa..."

"Hajifichi. Hayupo. Ninayelia ni mimi, ninayetaka ni mimi. Mkisema ni Mzungu, mtampa yeye mkate, na mimi nitabaki na njaa yangu."

"Unataka nini, basi?" mama yake mwenyekiti akafoka. "Sema tukupe, twende zetu!"

"Sijui, mama. Ningejua ningewaambia zamani."

Sadala akaingia. Wanaume hawaingii pale, lakini aliingia.

"Ni wewe?"

"Ni mimi."

"Muda wote huu, mtoto analia mgongoni, ulikuwa wewe?"

"Nilikuwa mimi, baba Kudra."

Bibi Mwantumu aliziba masikio. Talaka ilitoka kabla jua halijazama. Kudra alipelekwa kwa mama yake Sadala. Shehe alisema mtoto mdogo ni wa mama, lakini wazee wakasema mwanamke anayepiga mayowe na hana pepo ni nini basi? Na Mazingara, baba yake Swaumu alisema hana nafasi ya mtu wala mtoto wa mtu.

Akarudi kwenye mkonge, kuanika singa, zile nyuzi za mkonge, juani. Nilimtembelea mara moja. Mikono imechanika, nywele nyeupe kwa vumbi. Gita hakuna, vijana wote wameondoka, jioni watu wanalewa wanalala. Nikamwambia, si ungetaja jina tu, dada, jina kitu gani.

"Nilidhani nikisema kweli nitasikia kitu," akasema. "Nilisema. Sikusikia kitu."

Mavuno ya pili baada ya talaka, akaja. Kwa miguu, amejifunga kanga vizuri. Sadala alikuwa ameshaoa, mkewe Chausiku, mwanamke mwema, anachapa kazi. Swaumu akasimama uani, nasi majirani tukajaa.

"Nimekuja kutaja jina," akasema. "Mwiteni Bibi. Anaitwa Joni. Anaitwa mnavyotaka."

Bibi Mwantumu aliletwa, ameshikwa mkono, macho yameanza kufa. Akamsikiliza hadi mwisho. "Mwanangu," akasema, "uliwaambia watu wote hayupo. Nitampigia nani ngoma?"

Sadala alitazama chini. "Siku ile ningemlisha hata shetani, Swaumu. Leo nikikusikia, nitajuaje kama unasema kweli?"

Swaumu akaomba basi amwone mtoto. Chausiku akaingia ndani, akatoka na Kudra, amemvisha gauni safi, amempaka mafuta. Mtoto akajificha nyuma ya kanga ya Chausiku.

"Kudra, msalimie mgeni," Chausiku akasema. Hakuwa na nia mbaya.

Mtoto akatoa kichwa. Alikuwa amelelewa vizuri.

"Shikamoo."

Tulidhani Swaumu hataitikia.

"Marahaba," akasema.