Mfereji wa Mjomba Jaku

Wanawake walipita mbele ya mfereji na ndoo tupu vichwani, wala hawakuugeuzia macho.

Saadiya aliwatazama kutoka baraza ya skuli, tableti ya mradi wa maji imelala mapajani. Mfereji ulikuwa mpya, bomba lenye kufuli chini ya tangi la mradi, maji yake matamu, na yalitolewa bure. Kisima walichokuwa wakikiendea kilikuwa pangoni, nje ya kijiji, kwa njia ya mawe makali yanayokata viatu, na maji yake yalikuwa ya chumvi. Hata hivyo walikwenda huko, asubuhi na jioni, na kurudi shingo zimekakamaa.

Kazi yake ilikuwa hiyo tu, kutazama. Mkuu wa mradi, Bwana Abdulrazak, alimwambia siku aliyomwajiri kule mjini: "Usimuulize mtu anataka nini. Atakujibu la kukufurahisha. Mtazame anachokichagua, hapo ndipo utakapojua moyo wake uko wapi." Saadiya aliyapenda maneno yale. Alisoma uchumi, akamaliza, akakaa miaka bila ya kazi ya maana, na hii ndiyo ya kwanza iliyofanana na masomo yake. Tena alipangiwa kijiji anachokijua, nyuma ya Bwejuu, kwa Mjomba Jaku, kaka wa mamake. Babake alipofariki, mjomba huyo ndiye aliyemchukua kutoka Kikwajuni akiwa mdogo, akamlea mpaka alipoingia sekondari. Na sasa mjomba ndiye mshika ufunguo wa mfereji.

Shida ni kwamba moyo wa wanawake wale ulionekana uko kisimani. Abdulrazak alishapiga simu: "Kama hawayataki, tangi na pampu tutahamisha. Kuna kijiji cha jirani wanalia maji. Ijumaa baada ya sala tunafanya mkutano, tunamaliza."

Saadiya alivunja amri akawauliza. Mwanamkasi, mke mdogo wa mvuvi mmoja, alimjibu kwa upole mkubwa: "Mfereji mzuri, dada. Tunashukuru sana." Kisha akajitwika ndoo yake akashika njia ya pangoni.

Siku mbili kabla ya mkutano, Mjomba Jaku alikwenda Mbweni kwenye maziko. Ufunguo alimwachia mkewe, Bi Mwatum. Habari hazikutangazwa na mtu, lakini kabla ya adhuhuri ndoo zilikuwa zimepangwa kutoka mferejini mpaka ukutani kwa skuli. Wanawake walicheka, wakakosha watoto palepale, wakajaza mpaka madumu ya kuwekea. Saadiya alisogea karibu na tableti yake. Vicheko vikakatika. Mmoja akavuta mtandio usoni. Saadiya akarudi nyuma haraka, na vicheko vikaanza tena taratibu.

Jioni alikunywa chai ukumbini kwa mjomba, na ulimi wake ukashika kitu ambacho tangu afike alikuwa akikipuuza. Chai ya leo haikuwa na chumvi.

"Mkazamjomba," aliuliza, "siku zote maji unateka wapi?"

Bi Mwatum aliifunika birika. "Kunywa chai yako, mwanangu."

"Kisimani? Na ufunguo uko kwako nyumbani?"

"Nimekwambia kunywa."

Kesho yake alfajiri, mjomba akiwa amesharudi, Saadiya alikuwa nyuma ya ua wa mjomba, jirani na mfereji, akitia udhu aliposikia kufuli la mfereji likifunguliwa. Alichungulia. Mwanamkasi alisimama pale peke yake na ndoo mbili, uso ameuinamisha, kama aliyetarajia kumkuta Bi Mwatum. Wanaume walikuwa wakipita kwenda msikitini.

"Ndoo mbili, na hata hapajakucha!" Sauti ya Mjomba Jaku ilijaa njia nzima. "Naona bwana karudi dago jana, kuvua kumekwisha! Teka, mama, teka, usije ukakosa sala!"

Kicheko kilipita kwa wale wanaume. Mwanamkasi aliiacha ndoo iliyokuwa ikijaa chini ya mfereji, maji yakimwagika, akaondoka na ile tupu.

"Mzaha tu huo!" mjomba alimpigia kelele nyuma yake. "Usiku ulikuwa mwepesi, leo unanuna! Au si zamu yako?"

Saadiya alihisi damu inampanda usoni kama aliyetajwa yeye. Ndipo alipoelewa kisima. Mjomba wake alikaa pale kila siku akisoma ndoo za watu: nani kateka mengi alfajiri ya kukoga janaba, nani kapunguza, nani hakuja, nani mumewe yuko kwa mke mwenza. Kisha akayasema kwa sauti, kwa kucheka, mbele ya kila apitaye. Maji ya chumvi hayakuwa na mdomo.

Lililomchoma zaidi ni kwamba na yeye alikuwa amekaa barazani akifanya kazi hiyohiyo.

Ijumaa asubuhi alimkuta mjomba anapiga pasi kanzu.

"Shikamoo, mjomba."

"Marahaba. Mbona uso huo?"

"Mjomba, wanawake hawaji mferejini kwa sababu ya maneno yako."

Pasi ilisita. "Nani kakwambia? Mwatum?"

"Hapana aliyenambia. Nimesikia mwenyewe."

"Mimi nnawatania. Hapa sote ndugu."

"Wanaocheka ni wanaume, mjomba."

Aliiweka pasi wima, polepole, na aliposema sauti yake ilikuwa ndogo kuliko kawaida. "Nimekubeba mgongoni wewe. Babako hayupo, mimi nipo. Leo ukisimama mbele ya watu wa mjini ukanitaja, nyumbani kwangu usirudi tena. Umesikia?"

"Nimesikia."

Mkutano ulifanywa katika chumba kikubwa cha skuli. Wanaume walikaa mbele kwenye mabenchi, wanawake nyuma kwenye mkeka. Lori la kupakia pampu lilikuwa limeshaegeshwa nje, na dereva alikuwa amelala juu ya usukani. Abdulrazak hakuzungusha maneno. Alisema mradi umewapa watu maji mazuri na watu wameonesha kwa vitendo kwamba hawayahitaji, na hakuna wa kulaumiwa.

"Saadiya alikuwa hapa. Thibitisha tu, tumalize."

Saadiya alisimama. "Wanayataka," alisema. "Juzi walijaa."

"Juzi tu? Siku nyengine zote wamepita na ndoo tupu, umeniandikia mwenyewe. Juzi kulikuwa na nini?"

Mjomba Jaku alikaa benchi ya mbele, mikono magotini, macho yamemganda Saadiya. Kule nyuma Mwanamkasi alikuwa ameinamisha kichwa na kuukunja upindo wa kanga, anaukunja, anaukunjua. Saadiya alifungua mdomo, na papo hapo akaona: akisema sababu, mbele ya wanaume wote hawa, atakuwa amewaanika wanawake kama walivyoanikwa mferejini. Kila mmoja atauliza, nani, siku gani, alisemwa nini.

"Sitokwambia," alisema.

Abdulrazak alitabasamu kwa kukereka. "Nnahitaji sababu."

"Huihitaji. Wewe ulinambia tuwatazame wanachokichagua. Lakini mtu anachagua katika vile alivyowekewa mbele yake, na sisi hatukujua tumewawekea nini. Tumedhani ni maji na maji." Aliiweka tableti chini. "Ufunguo washike wanawake. Mfereji uhamishiwe nyuma ya skuli, mbali na njia ya msikitini. Na mimi nsikae tena kumtazama mtu. Tangi lina mita. Mita itatwambia maji yametoka kiasi gani, haitatwambia katoa nani."

"Na mshika ufunguo wa sasa anasemaje?"

Vichwa vyote viligeuka. Mjomba Jaku aliinuka, akaingiza mkono mfukoni mwa kanzu, akautupa ufunguo sakafuni, baina ya mabenchi na mkeka.

"Anayeutaka aje auchukue," alisema.

Hakuna aliyetikisika. Kuuokota mbele yake kulikuwa sawa na kusema yote. Saadiya alimwona Mwanamkasi ananyanyua goti, kisha analirudisha chini. Dereva wa lori aliwasha injini kule nje, pengine kwa kuchoka kungoja tu.

Aliyeinuka ni Bi Mwatum. Alijifunga buibui yake vizuri, akapita mbele ya mumewe bila ya kumwangalia, akainama, akauokota. "Mimi," alisema, na akarudi kukaa. Mwanamkasi akaushika mkono wake.

Mjomba Jaku alitoka nje.

Abdulrazak alitoa muda mpaka mwisho wa mwezi, mita ioneshe kama maji yanatekwa. Lori lilirudi mjini tupu. Saadiya alipofika kwa mjomba alikuta begi lake limewekwa barazani, nguo zimekunjwa vizuri ndani yake, na mlango umefungwa. Alibisha mara moja tu. Kisha akabeba begi, akarudi Kikwajuni kwa mamake.

Mita ilisema ilichosema, na tangi likabaki. Mkataba wa Saadiya ulipokwisha haukutiwa saini tena, wala yeye hakuuliza. Alipata kazi katika duka la vitambaa Mkunazini, na wateja walipopapasa vitambaa alijifunza kutazama pembeni mpaka wamwite.

Mwezi wa Shaabani Mjomba Jaku alikuja mjini kumwangalia dada yake, mamake Saadiya. Saadiya alitoka jikoni.

"Shikamoo, mjomba."

"Marahaba," alijibu, bila ya kunyanyua kichwa. Alizungumza na dada yake mambo ya mihogo na ya mvua. Alipokuwa anavaa viatu ili aondoke, alisema akiuelekeza uso mlangoni: "Mkazamjomba wako anasema uje."

Saadiya alikwenda baada ya Idi. Bi Mwatum alimpokea kwa kumkumbatia. Mjomba alikuwa chumbani, hakutoka, na hakumfukuza. Saadiya akala, akasaidia kuosha vyombo, akarudi mjini kabla ya magharibi.