Jina Lisilo na Mfu

Mimi ni mtoto wa kwanza wa mama yangu. Ndimi wa kwanza katika ukoo wetu kupanda ndege, na wa kwanza kurudi Lubumbashi na diploma ya uhandisi wa madini iliyoandikwa kwa lugha ambayo hakuna jirani anayeweza kuisoma. Hakuna mjomba aliyenibeba. Nilisukuma baiskeli ya makaa, nikauza samaki wakavu wa Pweto, kule ziwani, pamoja na mama, nikapakua magari ya Wachina mpaka lugha yao ikaniingia masikioni, kisha nikashindania nafasi ya masomo kwao na kuipata. Nimeandika "mtoto wa kwanza" kama nilivyozoea kuandika maisha yangu yote. Mkono haujajifunza vingine.

Mke wangu alipokuwa na mimba ya binti yetu, nilimtafutia mtoto jina kwa njia ninayotafutia kila kitu, yaani kwa utafiti. Mke wangu ni mwalimu wa shule ya msingi na alitaka jina la mtakatifu. Nikamwambia watakatifu wana watoto wa kutosha. Nilikaa kwenye mtandao jioni nyingi, nikakutana na jina ambalo sikuwahi kulisikia popote, jepesi, la silabi tatu. Ukurasa mmoja ulisema ni la watu wa jangwani na maana yake ni alfajiri. Mwingine ukasema ni la watu wa nchi za barafu na maana yake ni zawadi. Wa tatu uliandika tu kwamba asili yake haijulikani, ni jina la kisasa. Huo wa tatu ndio ulionifurahisha. Nikatafuta walio nalo, nikaona watoto wadogo wa nchi za mbali, wenye mashavu, wote hai. Sikuona kaburi hata moja. Hicho ndicho nilichokuwa nakitafuta.

Nieleze kwa nini. Kwetu, watu wa kaskazini mwa Katanga, mtoto hapewi jina la tumboni, yaani lile la ndani la kuzaliwa nalo, ili litofautishe huyu na yule. Hupewa kwa sababu kuna mtu anarudi. Mimi nilipewa jina la babu mzaa baba, mfanyakazi wa reli, ambaye siku moja alitoka asubuhi kwenda kazini na hakurudi akiwa mzima. Nilikua ndani ya mtu huyo kama mtu anavyokua ndani ya koti la kurithi. Shangazi zangu watu wazima walinipigia goti wakiniita tata, yaani baba. Kambale sikula, kwa sababu samaki huyo alimdhuru babu. Reli sikuivuka bila kushikwa mkono. Mama yangu mwenyewe hakuthubutu kunichapa mbele za watu, maana angekuwa anamchapa baba mkwe wake. Na bibi yangu, mjane wa yule babu, aliniita "bwana yangu", akaniwekea kichwa cha samaki, akaninunia nikicheza na wasichana wa jirani. Watu walicheka. Nami nilicheka.

Halafu bibi akaugua. Alasiri moja aliomba niletwe peke yangu kando ya kitanda chake. Nilikuwa na kaptula ya shule na vumbi miguuni. Akauliza kwa sauti ya mke aliyemwandalia mumewe ugali, si ya bibi:

"Bwana yangu, siku ile juu ya nini haukurudia? Bukari ilipoa."

Nikafungua mdomo. Nikasema: "Nilikuwa nakuya."

"Aya," akasema. "Sawa." Akafumba macho, na kabla jua halijashuka alikuwa ameondoka.

Wanawake walinisifu, wakasema mtoto amejibu vizuri. Hakuna aliyeniuliza nilijuaje la kujibu. Hakuna aliyekuwa amenifundisha kusema kwamba nilikuwa njiani naja. Maneno yale yalipita kinywani mwangu kama mtu anayekatiza uani kwa watu bila kupiga hodi. Tangu siku hiyo niliogopa mdomo wangu mwenyewe, na nilijiapia kwamba mtoto wangu hataulizwa na yeyote habari za marehemu.

Kule Uchina mwalimu wangu alishindwa kutamka jina la babu, akanipa jina la Kichina. Nililala usingizi ambao sikuwahi kuulala nyumbani. Na katika maabara niliona shaba ikiyeyushwa, waya, sufuria, misumari, vitu vya watu mbalimbali, vyote vikawa maji mekundu, vikamiminwa, na kilichotoka hakikukumbuka kilikuwa nini jana. Nikasema moyoni, hivi ndivyo nitakavyompa mwanangu jina.

Binti alizaliwa mwezi wa kumi, wakati wa joto, mvua ikiwa bado inatuzungusha. Tulikuwa tumehamia katika nyumba yangu ya Kasungami, nyumba ya matofali ya kuchoma niliyoijenga nikiwa bado ng'ambo, nikiisimamia kwa picha za simu. Nilimwita jina lake siku ya kwanza, kwa sauti, mlango ukiwa wazi. Mtoto akalia. Akalia kesho yake na siku zilizofuata, na ziwa la mama yake alilikataa. Alilishika, akalitema, akalia tena. Tulimpeleka kwa daktari mjini. Daktari akampima, akamgeuza, akasema hana ugonjwa, tumbo la watoto wachanga lina mambo yake, akatupa matone. Matone nayo aliyatema.

Mama yangu alikuja na fuko lake la samaki kichwani. Kabla hajaketi akauliza:

"Munamuita nani?"

Nikamtajia. Nikamweleza alfajiri, nikamweleza zawadi.

"Alfajiri ya nani?" akauliza. "Nani alikuwaka na hii jina?"

"Hakuna, mama. Ni mpya."

"Mupya," akasema, kwa namna mtu anavyogonga chungu sokoni na kukirudisha chini.

Siku chache baadaye umeme ulikatika kiwandani nilikoajiriwa, nikarudi nyumbani saa sita mchana. Nyumba ilikuwa kimya, na kimya kile kilinitisha kuliko kilio. Nikawakuta nyuma, kwenye kivuli cha jiko. Mke wangu amekaa ukutani. Mama yuko kwenye mkeka na mtoto mapajani na kikombe cha maji pembeni. Alikuwa anataja majina. Kila jina moja alichovya kidole majini, akakigusisha kwenye midomo ya mtoto, akangoja. Niliyajua majina hayo. Walikuwa watu wetu, na hakuna hata mmoja aliyekuwa hai.

"Mama, hii njo kazi gani?"

"Mutoto anatafuta muntu yake. Mi niko namusaidia."

"Mutoto eko na jina."

"Eko na nyumba," akasema bila kuinua kichwa. "Ndani hamuna muntu."

"Mama, mi nilisoma..."

"Njo maana nakuuliza we, muntu ya diplome. Hii nyumba yako, wakati ulikuwa ku Chine, nani alikuwa analala ndani?"

"Zamu."

"Juu ya nini uliweka zamu? Milango ilikuwa na funguo."

"Nyumba haiachwe tupu, mama. Bantu bataingia."

"Kumbe unayua!"

Mke wangu alicheka puani, kicheko kidogo kilichomtoroka, kisha akainamisha kichwa. Ni kweli niliweka mlinzi, tena kabla ya kuweka madirisha.

Ningeweza kumchukua mtoto na kuingia ndani. Sikufanya hivyo, kwa sababu nilimwona vizuri. Utosi ulikuwa umebonyea. Hakuwa analia tena. Alikuwa anafungua mdomo tu, na sauti haiji. Nikabaki nimesimama na kofia ya kazini mkononi. Mama akamtaja shangazi aliyekufa akijifungua. Mtoto akageuza uso. Akamtaja ndugu yake wa Kabalo, kisha mama yake mzazi. Mtoto akageuza uso. Kila jina lilipotajwa niliomba alikatae, na papo hapo niliomba alikubali, lolote, hata la mchawi.

Majina yakaisha. Kidole cha mama kikabaki ndani ya kikombe.

"Bote banaisha?" mke wangu akauliza.

"Bale ba majina, bote banaisha," mama akasema.

Sikuelewa. Nikauliza kama kuna wafu wasio na majina. Mama akaniangalia kwa mara ya kwanza tangu nilipofika.

"Tata," akaniambia, "we hauko wa kwanza."

Akasimulia akitazama kikombe. Kabla yangu alikuwa na mimba nyingine, ya kwanza. Alipanda Pweto kutafuta samaki wa kuuza, na uchungu ukamshika huko huko, kabla ya wakati. Alizaa mtoto wa kike. Mtoto alipumua, alilia, alimshika kidole, na akaondoka kabla kitovu hakijaanguka. Mtoto wa namna hiyo kwetu haliliwi hadharani wala hapewi jina. Wanawake wa pale walimchukua, wakachimba mchanga kwa mikono, mbali kidogo na maji ya ziwa.

"Nilikuwa na kitenge moja tu," mama akasema, akiikumbuka safari ya kurudi kwa lori. "Niliivaa mi, nipande mu kamyo. Yeye nilimuacha vile."

Baba aliambiwa kwamba mimba iliharibika. Baada ya hapo hakuna aliyemwita. Wangemwita kwa neno gani? Lakini kila mama alipofungua fuko la samaki wa Pweto, alisema, kabla ya harufu ya samaki huanza harufu ya mchanga.

Kisha akasogeza kikombe, akamlaza mtoto mkekani, akamfunika miguu, akanipigia goti. Si goti la baba mkwe, lile la mchezo. Nililijua lile. Hili lilikuwa jingine.

"Huyu wako eko na jina, hana mufu. Ule wangu eko mufu, hana jina. Nipatie, tata."

Niliona wazi anachoomba. Nilikuwa nimevuka bahari ili mtoto wangu asiwe mtu mwingine, na sasa naombwa nimweke mtu ndani yake kwa mkono wangu mwenyewe. Nilimkumbuka bibi na bukari lake lililopoa. Nikamtazama mke wangu, ambaye hakujua lolote la hayo.

"Papa," mke wangu akaniita tu. Alikuwa anaangalia ule mdomo mdogo uliokuwa unafunguka na kufunga.

"Kamata," nikamwambia mama. "Jina ni yako."

Mama akachovya kidole. "We wa ku muchanga," akasema. "We mukubwa wa huyu tata. Ikuya sasa. Jina yako njo hii." Akalitaja. Jina langu la mtandaoni, jina la kisasa lisilo na asili, lilitoka kinywani mwake kama limekaa ziwani miaka mingi. Mtoto hakugeuza uso. Alikishika kidole, akanyonya. Mke wangu alikuwa ameshafungua blauzi.

Daktari, tuliporudi kwake, alisema tumbo limetulia lenyewe, huwa hivyo. Mimi ni mtu wa sayansi. Wenzangu kazini wakilalamika juu ya watoto wao wanaolia, nawaambia hayo hayo.

Ila jina halikuwa langu tena. Nililichagua ili liitwe kwa kipaza sauti, kwenye viwanja vya ndege, siku za kupokea diploma. Mama alikataza lisirushwe barabarani, maana jina la ndani halitupwi nje. Shuleni mtoto anatumia la mtakatifu, lile lile ambalo mke wangu alilitaka tangu mwanzo, na mke wangu ana adabu, hajawahi kunikumbusha. Wageni walioliona wakati ule katika tangazo la kuzaliwa nililowatumia kwenye simu zao wakiniuliza maana yake, nasema alfajiri, nasema zawadi. Nawe msomaji, kama umengoja nilitaje hapa, nisamehe. Si langu la kutaja.

Binti yangu sasa ana nguvu, ana maneno, ana meno ya mbele ya kutisha mihogo. Alasiri moja nilirudi kutoka kazini, nikaketi ndani, nyuma ya mlango wa baraza, kuvua viatu. Nje, mama na yeye walikuwa wanachambua samaki, wazima huku, waliovunjika kule. Kisha nikasikia mama akiuliza, polepole, kwa sauti niliyoisikia mara moja tu maishani, kando ya kitanda:

"Mwana wangu, kule ulikuwaka na baridi?"

Mtoto hakuinua kichwa. Aliweka samaki mmoja upande wa wazima.

"Hapana," akasema. "Muchanga ilikuwa na moto."

"Aya," mama akasema. "Sawa."

Binti yangu hajawahi kuliona ziwa. Inawezekana alisikia mazungumzo ya watu wazima, watoto husikia. Inawezekana alisema tu kile ambacho uso wa bibi yake ulikuwa unakihitaji, kama huenda nilivyofanya mimi siku ile nikiwa na kaptula. Nimejichunguza kwa miaka yote hii, na mpaka leo sijui ni nani aliyejibu kwa mdomo wangu. Nikatoka barazani na kiatu kimoja.

"Nani alikuambia mambo ya muchanga?"

Binti akaniangalia kwa uvumilivu, kama mtu aliyekatizwa. Mama akainua mkono wenye magamba ya samaki.

"Muache," akasema. "Tuko tunaongea."

Nikarudi nyuma ya mlango, kama inavyompasa mdogo mbele ya mkubwa wake.