Mirija ya Mzee Kipriani

Wewe unayesikiliza redio kila jioni, mara ya mwisho uliibishia lini? Usijibu haraka. Sikiliza kwanza yaliyompata Mzee Kipriani wa Murungu mwaka sabini na tano, watu walipokuwa ndiyo kwanza wamehamia kijiji cha ujamaa.

Kipriani alikuwa fundi wa mirija ya pombe. Alikata matete mtoni, akayanyoosha kwa moto, kisha akasuka kwenye ncha kichujio kidogo cha kuzuia machicha. Watu wakiuzunguka mtungi, kila mmoja na mrija wake mrefu, hapakuwa hata mmoja usiopitia mikononi mwake. Juma lile alikuwa ametengeneza miwili mizuri kuliko yote, maana Ijumaa wangekuja wakwe kutoka Muyama kumposa binti yake, Immakulata. Baba wawili wasiponyonya mtungi mmoja, hakuna posa.

Redio ya kijiji ilikuwa moja tu, ya Stanislaus, balozi wa nyumba kumi. Betri zikichoka alizianika juani kama dagaa. Kiswahili cha redioni hakikuwaingia wengi, basi balozi aliketi kando akitafsiri kwa Kiha, na miezi ilivyokwenda hakuna aliyejua tena redio inaishia wapi na balozi anaanzia wapi. Akisema mahindi yapandwe kwa kamba, redio imesema. Akisema ajengewe choo, redio imesema, na choo kikajengwa.

Alhamisi jioni redio ilisema mirija ya wanyonyaji wa jasho la mkulima ikatwe. Balozi akatafsiri neno kwa neno: mirija ni miheha, na kunyonya kila mtu anakujua. Watu wakatazamana. Kisha, mmoja mmoja, wakamgeukia Kipriani.

Alijitetea kwamba yeye hanyonyi jasho la mtu, ananyonya pombe, tena iliyopikwa na mkewe. Wapi! Jirani yake Makarius, aliyeazima mrija kwake juzi tu, akamwita fundi wa mabepari.

"Wewe bepari ulishamwona?" Kipriani akamuuliza.

"Mimi sijamwona. Lakini redio inamjua."

Ukazuka mjadala. Redio imesema ikatwe, haikusema itupwe. Balozi akaamua kila mrija ubaki shubiri moja, mkubwa kwa mdogo, huo ndio usawa. Kipriani akaikata mirija ya kijiji kizima kwa kisu chake mwenyewe. Ile miwili ya posa aliikata mwisho, amefumba macho.

Asubuhi yake wakwe wakafika. Mtungi ukatolewa, na balozi, kwa cheo chake, ndiye wa kuonja kwanza. Kipriani akampa mrija wa shubiri, akarudi nyuma kutazama. Stanislaus akainama. Mrija haukufika. Akaingiza pua, akaingiza paji la uso, masikio yakakunjika yakapita. Akanyonya, tena sana. Wakati wa kutoka, masikio yakakataa.

Venanti, baba wa kijana aliyekuja kuposa, hakucheka. Akachomoa mkobani mrija mrefu, akauliza kwa adabu kama Murungu wote huonja namna ile. Makarius akamweleza kuwa mirefu imepigwa marufuku redioni.

"Kwetu Muyama," Venanti akasema, "betri ziliisha mwezi uliopita."

Wakwe wakaanza kukusanya mikoba yao. Kipriani akaona posa inaondoka. Ndipo kutoka ndani ya mtungi ikaja sauti nzito, yenye mwangwi, kama ya mtangazaji mwenyewe:

"Ndugu wananchi. Kuna masahihisho ya taarifa ya jana. Mirija mirefu inaruhusiwa. Na mtu aje anitoe."

Makarius akavua kofia. Kipriani akamshika Venanti mkono, akamketisha kigodani, akachukua kisu na kushika njia ya mtoni kwenye matete. Kijiji kizima kikamfuata mbio, kila mtu akimwambia mwenzake kwamba redio imesema. Nyuma, uani, mtungi ulibaki ukirudia taarifa.