Tisa na Kumi na Sita Chini ya Paa Moja

Juzi, katika duka la vitu vya kale huko Shangani, niliona ubao mweusi wa shule unauzwa ili ukapambe hoteli. Nikasimama mbele yake. Muuzaji akadhani nataka kununua, kumbe nilikuwa nikitafuta hesabu moja, iliyofutwa tangu miaka ya hamsini.

Miaka hiyo nilikuwa wa kwanza darasani na wa kwanza kwa bibi. Ndipo akaja binti ami kutoka Mkokotoni kusoma mjini, mrefu, mpole, na lahaja yake ya Kitumbatu ambayo wenzetu waliicheka. Mimi nilicheka kuliko wote. Alilala kitandani kwangu. Haikupita miezi mitatu, akawa anapepeta mchele kunishinda, na bibi akimwita mkono wa baraka. Mimi mkono wangu haukuwahi kupewa jina.

Hayo ningeyavumilia. Lakini mwalimu alitangaza kuwa atamchukua msichana mmoja tu wa darasa letu kumwandaa kwa mtihani wa sekondari, na kwamba Jumamosi angetuita mimi na binti ami ubaoni, mmoja mmoja.

Wiki hiyo tulikuwa kwenye vipeuo vya pili. Mwalimu alichora ile alama na mkia wake mrefu juu ya namba, akasema hilo ni paa: walio chini yake hujumlishwa kwanza, ndipo kipeuo kitolewe. Siku hiyo binti ami alikuwa nyumbani na homa.

Ijumaa asubuhi tulikuwa jikoni tukikata kashata za maulidi ya bibi. Moshi wa makumbi, harufu ya iliki, sukari imeganda vidoleni. Akaniuliza, tisa kujumlisha kumi na sita, chini ya paa moja, atoe kipeuo cha kila mmoja au ajumlishe kwanza?

"Kila mmoja peke yake," nikasema. "Tatu na nne, saba."

Akapanga kashata tisa, tatu kwa tatu. Kando yake akapanga kumi na sita, nne kwa nne. Kisha akazichanganya zote, akazipanga upya mraba mmoja.

"Dada, mbona hapa nnaona tano?"

"Kashata si hesabu."

"Haya. Wewe ndiye uliyekuwepo." Akazirudisha kwenye sinia.

Jumamosi aliitwa kwanza. Hesabu ilikuwa ile ile. Chaki ilisita, nami nikamwomba Mungu isigeuke. Akaandika saba. Mwalimu akamuuliza nani kamfundisha hivyo. Hakunitazama hata mara moja.

"Nimekosea mwenyewe, Bi mwalimu."

Nikaitwa, nikaandika tano. Nafasi ikawa yangu.

Tulipofika nyumbani ni yeye aliyemwambia bibi kuwa nimeshinda, tena kwa furaha. Bibi akanipa mkono, kisha akamkumbatia yeye, akasema anayeshindwa akamsifu mshindi huyo kalelewa. Nafasi nilikuwa nayo mkononi, na bado nikamwonea wivu.

Mwisho wa mwaka alirudi kwao, akaolewa. Mimi nikawa mwalimu, nikafundisha vipeuo mpaka nikastaafu. Bibi alipofariki, binti ami alikuja mazikoni na binti zake watatu. Akawaambia wanisalimie. "Mwamkieni mwalimu. Huyu ndiye aliyenifundisha hesabu."

Nilimtazama usoni nikitafuta kejeli, sikuiona. Sikuuliza. Sasa naye hayupo. Nyumba imekuwa ya wageni, na pale jikoni wamejenga bafu la vigae vyeupe. Nimebaki mimi peke yangu ninayejua kilichosemwa mle Ijumaa ile. Hata kwa hili namwonea wivu: huenda yeye alikuwa ameshasahau.