Supu ya Kwanza ni ya Mzazi

Nakumbuka siku moja ya mvua, mwanangu, hapa hapa Kashebere, Koko wako wa Mubi alipofika na kitenge kipya amekikunja chini ya kwapa. Wewe ulikuwa mchanga bado, hata jina lako lilikuwa linabishaniwa. Nakusimulia kwa sababu jana uliniambia unataka kupika wali na kuku kwa mikono yako, ili mama yako akirudi shambani akute chakula tayari. Ningeweza kukutajia maji kiasi gani na chumvi kiasi gani, ukaenda zako. Lakini wali huo nilifundishwa siku hiyo, na sijui kuutaja peke yake. Anayetaka asali huvumilia nyuki, basi nawe vumilia maneno ya papa mudogo wako.

Wakati huo nilikuwa nimemaliza masomo Goma, nikarudi kungoja kazi katika nyumba ya baba yako, kaka yangu mkubwa. Nilikuwa mtu wa kuwaza. Mtu akinisalimia kwa sauti ya chini, nilishinda kutwa nikijiuliza nimemkosea nini. (Baba yako anasema bado niko hivyo. Usimsikilize sana.) Yeye ni dereva wa kamyo, kama unavyojua, na wiki hiyo kamyo lilikuwa limezama matopeni kwenye barabara ya Goma. Alipoondoka aliniambia neno moja tu, "Nyumba nakuachia," akapanda. Neno fupi hivyo, nami nililibeba kama gunia la viazi.

Koko, mama aliyemzaa mama yako, alishuka kwenye moto, ile pikipiki ya abiria, akiwa ameloa mpaka kiunoni. Alikupokea, akakunusa kichwani, akaingia chumbani kwa binti yake. Nyumba ilikuwa ya mbao, na mbao hazifichi siri. Nikiwa sebuleni nilisikia kitenge kile ni cha nini, ni cha kukubebea wewe mgongoni.

"Mukwe wangu iko barabarani kila siku," alisema. "Nani anakupikia? Kesho tunaenda Mubi. Mutoto atajifunzia kule kutembea."

Binti hambishii mama yake siku aliyokuja kuona mjukuu. Mimi nilisimama pale nikipiga hesabu. Mtoto kujifunzia kutembea Mubi maana yake ni baba yako kurudi na kukuta mlango umefungwa, na si kwa wiki moja wala mbili. Barabara zetu unazijua, zikifungwa hakuna anayekutangazia zitafunguliwa lini. Nikajisemea kwamba leo nitapika chakula ambacho mama huyu akikila ataona kwamba nyumba hii ni nyumba.

Vitu vilikuwepo. Kulikuwa na kuku aliyeacha kutaga, mchele wa msituni, ule mwekundu kidogo ambao watu wa Walikale wanautwanga wenyewe, vitunguu, nyanya na chupa ya mawese. Mwingine angechinja, akapika, yakaisha. Mimi nilikaa nikaanza kujiuliza mama mkwe anakula nini. Na kumuuliza mwenyewe niliona ni utovu wa adabu, kwa maana kwetu mkwe na mama mkwe hawatazamani usoni wala hawali pamoja, na mimi, kwa kuwa ni ndugu wa mkwe, nilikuwa mkwe vilevile.

Basi nikaenda kwenye ua, nikamwita jirani yetu Mama Riziki. Alifikiri kidogo, akaniambia wanawake wa kule msituni Mubi wa umri ule kuku hawali, ni nyama ya wanaume tangu zamani, afadhali nipike maharagi. Nikamshukuru. Nilipogeuka nikamwona mzee Kahindo, katekista, anapita na mwavuli wake. Naye nikamuuliza. Akaniambia maharagi jioni kwa mgeni wa heshima ni kama kumfukuza, huyo apikiwe foufou, ugali wa muhogo. Akaongeza kwamba, kwa desturi, mama mkwe hatii kitu mdomoni katika nyumba ya mkwe kabla hajapewa kitu mkononi. Nilimwuliza kitu gani. Akasema inategemea, akaenda zake na mwavuli.

Mwanangu, kuuliza si ujinga, wazee walisema kweli. Lakini kuna kuuliza kwa mtu anayekimbia jambo, na huko ndiko kulikuwa kwangu. Nilichinja kuku, nikabandika. Nikawaza, na kama hali? Nikamtoa, nikabandika maharagi. Nikawaza neno la katekista, nikayatoa, nikatia maji ya foufou. Mbabula yetu ni moja, jiko dogo la makala, makaa ya miti, na makala yenyewe yalikuwa yamenyeshewa. Nilifunua, nikapuliza, nikafunua tena. Mchana ulikuwa unaelekea kwisha, na maharagi yalikuwa bado yanagonga sufuria kama changarawe, kuku ana damu mfupani, maji ya foufou vuguvugu. Mchagua jembe si mkulima, na mchagua chungu si mpishi.

Ndipo nikasikia kigoda kinaburutwa. Koko alikuwa amekuja mpaka mlangoni mwa jiko, wewe ukiwa mikononi mwake. Hakuingia. Aliweka kigoda kizingitini, akakaa akinipa mgongo, uso wake kwenye mvua, kama inavyompasa mama mkwe.

"Mukwe," alisema polepole, "hii fensi yenu iko ya majani, si ya mawe. Nimesikia vile unauliza watu mimi nakula nini."

Nilikiweka kijiko chini.

"Kitu moja tu hukuuliza. Mutoto wangu, ule anayenyonyesha, leo amekula nini?"

Mvua ilipiga juu ya mabati, na nilifurahi kwamba inapiga, maana jibu nililijua. Mama yako alikuwa amekunywa chai asubuhi na kipande cha muhogo wa jana. Tangu mgeni afike nilikuwa nikiliwaza tumbo la mgeni, na nyuma ya ukuta wa mbao yuko mzazi ambaye wewe ulikuwa unamvuta maziwa kila akijaribu kulala. Mla ni mla leo, mla jana kala nini?

"Mama, nilifikiri…" nilianza.

"Njo hiyo. Wacha kufikiri kidogo, toa maharagi kwa moto."

Mabega yake yalitikisika. Ilinichukua muda kuelewa kwamba anacheka.

Basi sikiliza sasa, maana hapa ndipo wali wako ulipo. Alinibakishia sufuria moja tu. Kuku akatwe vipande vidogo, atoshe nyumba nzima, atiwe maji mengi, chumvi na nusu ya kitunguu, afunikwe, aachwe. Kuku wa kienyeji haharakishwi. Wakati akichemka niliosha mchele, nikakata nyanya, na Koko alikuwa anakuimbia wimbo wa kwao ambao sikuujua. Harufu ilipomfikia mlangoni, alisema nichukue kikombe kikubwa, nichote supu na paja moja, nipeleke chumbani.

Nikamuuliza kama nimchotee na yeye.

"Supu ya kwanza iko ya muzazi. Mugeni anaweza kungoja. Maziwa haiwezi kungoja."

Mama yako alikipokea kile kikombe kwa mikono miwili. Alikunywa akiwa amefumba macho. Nilirudi jikoni nikitembea tofauti.

Supu iliyobaki nilimimina pembeni pamoja na nyama. Katika sufuria ileile nikatia mawese kidogo, kitunguu kilichobaki kikalainika, nyanya ikapondeka, mchele ukaingia ukageuzwa mpaka ukang'aa, kisha supu ikaurudia, ikaufunika na kupita juu yake kama nusu ya kidole. Nyama juu. Kisha jani la mgomba, ambalo Koko alinituma kulikata mvuani, likalazwa juu ya yote, na mfuniko juu ya jani. Hakuna kitu kingine. Hakuna viungo vya dukani, hakuna sufuria ya pili, makala ni yaleyale.

Kulikuwa na kazi moja tu iliyobaki, nayo ilikuwa ngumu kuliko zote. Nilitakiwa nisifunue. Nilivumilia. Halafu nikawaza kwamba huenda maji yamezidi, au huenda yamepungua. Nikanyoosha mkono taratibu kabisa.

"Mukwe. Mukono."

Alikuwa bado anatazama mvua.

"Wali iko kama muntu anayesali," alisema. "Unamuacha amalize."

Tukakaa hivyo, yeye akisikiliza. Mara nyingine alisema, "Inaongea bado." Sufuria ilikuwa inanong'ona kweli, mimi sikuwa nimewahi kuisikia. Kisha mnong'ono ukawa mkavu, ukakatika. "Sasa imenyamaza," akasema. "Toa."

Nilipofunua, mvuke ulinipiga usoni, na mwanangu, wali ule ulikuwa umesimama, kila punje kivyake, mwekundu wa mawese. Nikaona sasa hakuna njia, lazima niulize.

"Mama, kuku unakula?"

Alicheka mpaka wewe ukaamka.

"Mama yangu hakukula mpaka anakufa. Mimi nilianza wakati nilikuwa na mimba ya huyu. Niliiba muguu kwa chungu ya baba yake. Mutoto akazaliwa muzima, nikajua babu zetu wako na kazi ingine."

Sahani yao ilikwenda chumbani, yangu nikaila jikoni, kwa heshima. Juu ya sahani yao nilikuwa nimeweka firigisi, kipande cha heshima, nikiwa na uhakika angalau na jambo hilo. Baadaye mama yako alitoka na sahani tupu. Haikuwa tupu kabisa, firigisi ilikuwa pale pale katikati, haijaguswa. Nikamwuliza nimekosea wapi.

"Mama anasema firigisi iko ya mwenye nyumba," aliniambia, na nilimwona anajizuia kutabasamu. "Na mwenye nyumba akiwa njiani, iko ya ule anashika nyumba. Anasema ukule."

Nikaila nimesimama. Haikuwa hata imeiva vizuri.

Asubuhi mvua ilikatika, na Koko alipanda moto kurudi Mubi peke yake. Kile kitenge alikiacha kitandani, amekufunga ndani yake. Ndicho hicho chenye ndege wa bluu, kilichopauka, ambacho mama yako anafunikia kikapu cha mihogo na hataki kikatwe matambara. Ukijiuliza kwa nini ulijifunzia kutembea hapa Kashebere, ni hivyo.

Kwa hiyo, mwanangu, wali nimekupa wote. Chungu kimoja, kuku mmoja, na usifunue. Lakini neno langu ni hili. Kila utakaposimama mbele ya moto, na moyo ukaanza kukuuliza watasema nini, usiujibu. Angalia kwanza ndani ya nyumba yako ni nani hajala, umpe huyo kikombe cha kwanza. Wengine wote watajua kungoja, na aliyekuja kukupima atakupima kwa kikombe hicho. Na jambo usilolijua, muulize mwenye nalo, hata kama ni kwa kupeana migongo. Nami bado nawaza kupita kiasi, lakini siku hizi nawaza nikiwa nimeshachota supu.

Mungu aliyemrudisha baba yako kutoka matopeni akulinde wewe na moto wako. Makala yako yawe makavu, mchele wako usikose maji, na yeyote atakayeketi mlangoni mwako akikupa mgongo asiondoke na kitenge chake.